Jukwaa Lisilo na Wafalme

Katika mchezo wa video uitwao Super Smash Bros., uliotoka Japani tarehe 21 Januari 1999, umo uwanja mmoja ambamo wapiganaji hutwangana mbele ya mti wenye uso. Mti hupuliza, wapiganaji husukumwa na upepo, na asiyejishikilia huanguka. Nyuma yao, mbali angani, mara kwa mara hupita mfalme. Jina lake ni Dedede. Ni mnene, amevaa joho jekundu, naye huelea kana kwamba yumo safarini kwenda penginepo. Vita havitazami. Hapigi wala hapigiki. Nchi ile ndiyo anayojiita mfalme wake, lakini katika ugomvi unaofanyika uani kwake hakupewa hata fimbo.

Wala si yeye peke yake. Katika uwanja wa sayari Zebes hupita Ridley, joka la angani lililomhangaisha Samus tangu 1986, nalo hupita kwa namna ile ile, mfano wa ndege aliyepotea njia. Upo uwanja unaoitwa kwa jina la kasri la binti mfalme Peach, na Peach hayumo. Upo mwingine juu ya mapaa ya kasri la Hyrule, ambalo binti mfalme wake ni Zelda, na Zelda hayumo. Mtu akiutazama mchezo huu kwa jicho la mhakiki, jambo la kwanza linalomgusa ni hili, kwamba umejaa nyumba ambazo wenyewe hawako.

Kwa msomaji aliyezoea diwani zaidi kuliko pedi za kuchezea, maelezo machache yatatosha. Kampuni ya Nintendo ya Kyoto ilikuwa imejijengea, tangu mwanzoni mwa miaka ya 1980, jamii kubwa ya wahusika ambao kila mmoja alikuwa na mchezo wake na ulimwengu wake: Mario fundi bomba, Donkey Kong sokwe, Link mwenye upanga, Samus ndani ya deraya, Pikachu wa umeme. Hawakuwahi kuwekwa pamoja kwa ajili ya kupigana. Kampuni ndogo iitwayo HAL Laboratory, chini ya uongozi wa mtunzi Masahiro Sakurai, ndiyo iliyowaweka, na ikachagua 12. Wanane huonekana tangu mwanzo. Wanne wamefichwa, na mpaka wapatikane pembe nne za orodha hukaa bila picha.

Walikuwapo waliotangulia katika sanaa ya kukutanisha. Kampuni ya SNK ilikwisha kukusanya wapiganaji wa michezo yake mbalimbali katika The King of Fighters '94, na Capcom mwaka 1996 ikawagonganisha mashujaa wa X-Men na wale wa Street Fighter. Lakini wale wote, au walio wengi wao, walikuwa watu wa ngumi tokea zamani. Hawa 12 wa Sakurai hakuna hata mmoja aliyetoka katika mchezo wa ndondi wa aina ile. Wengine walikuwa warukaji, wengine marubani, mmoja ni mviringo wa rangi ya waridi unaomeza vitu. Kwa hiyo kuchagua hakukuwa kupanga mabingwa kwa nguvu zao. Kulikuwa ni kutunga.

Na sheria ya mchezo nayo ni ya kutazamwa. Katika michezo mingi ya mapigano kila mmoja huwa na ukanda wa uhai, unaopungua mpaka kwisha. Hapa hakuna uhai unaokwisha. Kila pigo humwongezea mpigwaji asilimia, na kadiri asilimia inavyopanda ndivyo mwili unavyokuwa mwepesi wa kurushwa, mpaka siku pigo dogo linapomtoa nje ya mipaka ya kioo. Kushindwa ni kuondolewa jukwaani. Mchezo ambao adhabu yake kubwa ni kutokuwapo, ni haki uulizwe habari ya wale ambao hawakuwapo tangu mwanzo.

Asili ya kazi hii imekwisha kusimuliwa na wenyewe, na mwaka 2022 Sakurai alionyesha hadharani picha za mfano wa majaribio alioanza nao. Mfano huo uliitwa Ryuoh, yaani mfalme wa majoka. Sakurai alibuni na kuchora. Satoru Iwata, aliyekuwa mkuu wa HAL wakati huo na aliyefariki Julai 2015, aliandika programu kwa siku za mapumziko ya wiki. Wapiganaji wake walikuwa watu wa kuchorwa tu, wasio na ukoo wala historia. Mtunzi akaona kwamba mchezo wa wageni watupu hautashika mioyo ya watu nyumbani, akawatwaa Mario, Donkey Kong, Samus na Fox, akawavika mfano wake, na hakuomba ruhusa kwanza. Alipokwisha kuusawazisha ndipo alipowaonyesha wakubwa wa Nintendo. Kwa hiyo ile orodha inayoonekana leo kuwa ya heshima na ya urithi ilianza kama wizi mdogo wa mtu mwenye hamu, na haikupata kibali ila baada ya kupendeza.

Orodha ikakua kutoka wanne hadi 12, kisha ikasimama. Sakurai mwenyewe alieleza baadaye kwamba miongoni mwa waliokusudiwa walikuwamo Bowser, Dedede na Mewtwo, na kwamba muda haukutosha. Majina hayo matatu yafaa kukaliwa. Bowser ni mfalme wa makobe, adui wa Mario tangu 1985. Dedede ni yule aliyetajwa, mfalme mlafi anayegombana na Kirby. Mewtwo si mfalme kwa cheo, bali ni kiumbe aliyetengenezwa katika maabara kwa kunakiliwa kiumbe mwingine aitwaye Mew, na mwaka 1998 filamu nzima ilitengenezwa Japani juu ya ghadhabu yake. Watatu hawa ni wakubwa wa umbo na wakubwa wa chuki. Kila mmoja ni yule ambaye shujaa wake hukutana naye mwishoni, baada ya taabu zote. Kwa lugha ya tenzi, ndio wanaoufanya utenzi uwe na vita.

Muda haukutosha: maneno hayo ni ya kweli, lakini mhakiki hawezi kuishia hapo, kwani muda uliwatosha wengine. Ukiwatazama wanne waliofichwa utaona jinsi uchache ulivyochagua. Luigi amejengwa juu ya mwili wa Mario. Jigglypuff, kiumbe wa mviringo anayeimba hata watu wakalala, amejengwa juu ya mwili wa Kirby. Captain Falcon, dereva wa magari ya mbio ambaye kabla ya hapo hakuwahi kuonekana akipigana, alirithi miondoko ya ule mfano wa Ryuoh. Waliopata nafasi, basi, ni wale walioweza kuazima mwili. Bowser mwenye gamba na mkia hana wa kumwazima. Mewtwo mwenye mkia mrefu na shingo mbili hana. Dedede na tumbo lake na rungu lake hana. Wakubwa walibaki nje kwa sababu ya ukubwa wao, na mlango ukapitwa na wadogo.

Mtu wa mashairi hatalistaajabia jambo hili. Mizani haimkatazi mshairi neno kwa ubaya wa neno, humkatazia urefu wake, na aghalabu neno lililokuwa zito kuliko yote ndilo linaloachwa, likaingia jingine jepesi ambalo hakulifikiria asubuhi ile. Tofauti ni kwamba katika shairi neno lililoachwa halionekani. Hapa Sakurai alimwacha mfalme akapita nyuma, angani, kila aliye na macho akamwona.

Na mfalme yule ni wake mwenyewe. Kirby na Dedede ni viumbe vya Sakurai. Alivitunga kwa mchezo wa mwaka 1992, uliotoka kabla yeye hajatimiza miaka 22. Mtunzi aliyepewa nafasi ya kukusanya wahusika wa wenzake, wakubwa wake kwa umri na kwa jina, angeweza kwa urahisi kuwatanguliza wake wawili. Akamweka mmoja. Nafasi moja akampa Ness, mvulana mwenye kofia kutoka mchezo wa Mother 2 wa 1994, ambao huko Ulaya haukuwa umeuzwa kabisa, ukafika 2013. Watoto wa Ulaya walimkuta Ness bila kujua anatoka wapi. Kumfungia nje mfalme uliyemzaa na kumfungulia mtoto wasiyemjua wageni ni uamuzi, hata kama saa ndiyo iliyoulazimisha, na hauko mbali na adabu ya mkusanyaji wa diwani anayejua kwamba jina lake limo kwenye jalada na kwa hiyo hapaswi kulijaza ndani.

Sasa litazamwe tokeo lake. Katika orodha ya 12 hakuna adui. Donkey Kong alikuwa mteka nyara katika mchezo wa 1981, lakini tangu 1994 amekwisha kusamehewa na kuwa shujaa wa mchezo wake mwenyewe, na hakuna aliyemkumbusha. Waliobaki wote ni watu wema, au angalau si wabaya. Mario anampiga Link, na hakuna kilichowahi kuwa baina yao. Fox anamrusha Pikachu nje ya jukwaa, na kesho yake watarudi wote wawili bila kisasi. Ni vita visivyo na ugomvi nyuma yake.

Watu wa pwani wanayo ngoma ya namna hiyo. Wachezaji wa kirumbizi huingia uwanjani na bakora, hupigana kwa hesabu na kwa zumari, na anayeshindwa husogea kando akampisha mwenzake. Si kwamba hapana hatari wala haya ya kushindwa, zipo zote mbili; ila hakuna aliyekuja na deni la damu. Lau angeingia uwanjani mtu ambaye kweli alikuwa na kisa na mwenziwe, ngoma ingekuwa jambo jingine, na wazee wangesimama. Bowser ndiye mtu huyo. Siku anapoingia Bowser, kila pigo lake kwa Mario lina miaka 14 nyuma yake, na Link na Samus na wengine huwa mashahidi wa kesi isiyowahusu. Kutokuwapo kwake ndiko kulikowaachia wote uhuru wa kuwa wageni wa mtu mmoja.

Mtu huyo ni nani? Mchezo unapofunguliwa, kabla ya jina kutokea, huonekana mkono uliovaa glavu nyeupe. Mkono huwatoa wanasesere sandukuni, huwapanga juu ya meza yenye vitabu na taa, hupiga kidole, na meza ikageuka kuwa uwanja, wanasesere wakageuka kuwa Mario na Kirby na wenzao. Yaani wapiganaji wote ni vitu vya kuchezea vya mtu mmoja, na vita vyote ni mchezo wa chumbani. Kisha, kwa anayecheza peke yake mpaka mwisho, adui wa mwisho anayemsubiri ni mkono ule ule. Mkono huo peke yake ndio usiohesabiwa kwa asilimia. Una uhai wa 300, unaopungua mpaka sifuri. Katika mchezo mzima ni mmoja tu awezaye kufa, naye ndiye aliyewachagua wengine.

Kama Bowser na Dedede na Mewtwo wangekuwamo, mkono huo ungekuwa adui wa nne katika msafara wa maadui, wa ajabu kidogo lakini wa nne. Walipokosekana, ukabaki peke yake. Mtoto anayecheza haambiwi kwamba ubaya uko kwa mfalme wa makobe. Mwisho wa njia anamkuta aliyewatoa sandukuni. Haijulikani kama Sakurai aliliona jambo hilo kwa uzito huu, na si lazima awe aliliona. Kazi ya sanaa huwa na mambo ambayo upungufu wake uliyatenda mtunzi akiwa ameshughulika na hesabu ya siku.

Hapa, hata hivyo, sifa ziwekewe mpaka. Iko hali nyingine ya kutokuwapo ndani ya mchezo huu, nayo haiwezi kutetewa kwa hoja hizo. Katika wapiganaji 12, mwanamke anayejulikana kuwa mwanamke ni mmoja, Samus, na huyo amefunikwa na deraya kuanzia utosini hadi kisiginoni, hata mgeni asiyeambiwa hawezi kujua. Peach alikuwapo tangu 1985 na Zelda tangu 1986. Majumba yao yalichukuliwa yakafanywa viwanja, wanaume na wanyama wakapigana juu ya mapaa yao, na wao hata angani hawapiti. Dedede amepewa angalau heshima ya kuonekana amekosekana. Peach na Zelda hawakupewa hata hiyo. Si kweli kwamba ukubwa wa mwili ndio uliowazuia, wala si kweli kwamba ungekosekana mwili wa kuazima. Tena wao si maadui. Wangeingia bila kuvunja ile amani ya kirumbizi iliyoelezwa. Orodha ingekuwa na kila sababu ya kuwaita, na haikuwaita. Msomaji wa diwani za kale anayejua ni majina mangapi ya washairi wanawake yaliyopotea, ilhali nyumba zao na waume wao wanatajwa, atalitambua kosa hili bila kuhitaji mkalimani.

Wapo watakaosema kwamba huu ni mchezo wa watoto na kwamba mizani ya namna hii ni mizito mno kwake. Jibu ni kwamba nakala zaidi ya milioni 5 ziliuzwa, na kwamba kwa watoto wengi wa kizazi kile ulikuwa mkusanyo wa kwanza kuwafundisha kwamba kila kundi lina waliomo na wasiomo. Mtoto huuliza mapema sana kwa nini fulani hayumo. Mara nyingi ndiye mhakiki wa kwanza.

Mapengo hayakudumu. Toleo la pili, Melee, lilitoka Japani Novemba 2001, na wakaingia Bowser, Peach, Zelda, Mewtwo, na wengine wengi, hata idadi ikazidi mara mbili ya awali. Kosa la wanawake lilirekebishwa kwa sehemu, na hilo ni jema lisilohitaji mjadala. Kwa maadui, malipo yalikuwa ya aina nyingine. Ganondorf, mchawi mkuu wa Hyrule, mtu wa farasi na giza, aliingizwa kwa kuazimwa mwili wa Captain Falcon, akawa anapiga ngumi za dereva wa magari. Aliyetaka sana kuwaona wakubwa jukwaani alipata mkubwa aliyevaa nguo za mtu. Ilikuwa ni dhiki ile ile ya muda, safari hii ikitatuliwa kinyume: badala ya kuachwa nje, mfalme akaingizwa akiwa pungufu. Si rahisi kusema ipi ni heshima zaidi.

Dedede alisubiri mpaka 2008, toleo la tatu lililoitwa Brawl, naye akaja akitamkiwa sauti na Sakurai mwenyewe. Brawl ilikuwa na hadithi ndefu, na humo ndimo jambo la 1999 lilipolipwa kwa namna ambayo pengine hakuna aliyeipanga. Katika hadithi hiyo wapiganaji wakishindwa hugeuka sanamu. Dedede, anayeonekana mwanzoni kuwa mwizi wa sanamu, huwabandika baadhi yao vishikizo vyenye sura yake. Na wote wanapokwisha kugeuzwa sanamu, vishikizo hivyo ndivyo vinavyowaamsha waliovikwa. Waliovikwa na wakaamka ni Luigi na Ness. Wawili hao hao waliokuwa katika pembe za orodha wakati yeye anaelea angani, ndio aliowaokoa kwanza. Naye hakujibakishia, wao ndio wanaokuja kumwamsha.

Lakini katika hadithi hiyo hiyo mkono mweupe umefungwa minyororo. Anayeuendesha ni kiumbe mwingine aitwaye Tabuu, na maadui wa zamani, Bowser na Ganondorf, wamekuwa majemadari wa jeshi. Chumba cha mtoto kimetoweka. Pana majeshi na mabomu na wema na wabaya waliopangwa pande mbili. Yaliyokuwa yamezuiwa na uhaba wa muda mwaka 1999 yaliingia yote, na lile lililokuwa la peke yake, yaani mchezo unaomshtaki mchezeshaji, likawekwa utumwani. Kwa wingi Brawl imetajirika. Kwa wazo imekuwa kama hadithi nyingine nyingi.

Kadhalika ilidhihirika kwamba kuingia si kukaa. Mewtwo, aliyeachwa 1999 na kupokewa 2001, aliachwa tena 2008, pamoja na wengine wanne wa Melee. Alirudi Aprili 2015 kwa kupakuliwa, akiongezwa kwenye matoleo ya 2014. Kwa mashabiki ilikuwa ni dhuluma mara mbili. Kwa mtazamaji wa mbali, ni hadithi inayomfaa kiumbe aliyetengenezwa na watu kisha wakajuta. Hata hivyo mwaka 1999 Mew, asili yake, alikuwamo: hutokea kwa nadra ndani ya mpira wa kurusha, akapaa, akaenda zake bila kumgusa mtu.

Mjadala mrefu kuliko yote ulikuwa juu ya Ridley. Kwa miaka mingi mashabiki walimdai, na jibu la Sakurai lilikuwa kwamba umbo lake ni kubwa mno. Kumpunguza ni kumharibu. Jibu hilo lilichekwa sana, lakini limesimama juu ya kanuni ile ile iliyoijenga orodha ya kwanza, kwamba si kila kikubwa hupita mlangoni kikabaki kikubwa. Waliocheka walikuwa na hoja nao, kwamba Bowser alikwisha kupunguzwa na hakuna aliyelia. Zote mbili zina haki. Tatizo la mashabiki ni kwamba walidai nafasi kama vile nafasi ni cheo, ilhali joka linalopita nyuma ya vita bila kujali lina kitisho ambacho joka linalopigwa teke na Pikachu halina.

Mwaka 2018 madai yote yalijibiwa kwa mkupuo. Toleo la Ultimate, lililotoka tarehe 7 Desemba, lilitangazwa kwa kauli kwamba wote wamo: kila aliyewahi kupigana katika toleo lolote amerudi, na wapya juu yao, Ridley akiwa mmojawapo. Mpaka Oktoba 2021, alipoongezwa wa mwisho, orodha ilikuwa imepita 80. Ni kazi ya uvumilivu mkubwa, na ungekuwa uchoyo kuinyima sifa. Watu walilia kwa furaha. Mkusanyo usiomwacha mtu, hata hivyo, humwia vigumu msomaji kujua mkusanyaji anapenda nini. Diwani yenye kila shairi lililowahi kutungwa ni ghala. Hufaa kwa kutafuta, haifai kwa kusoma. Katika 12 wa kwanza kila mmoja ana uzito kwa sababu mwingine alikosa. Katika hao 80 na zaidi, uzito huo umegawanywa mpaka hauhisiki.

Yumkini Sakurai alilijua. Anayefungua Ultimate kwa mara ya kwanza hawakuti wote. Anakuta wanane: Mario, Donkey Kong, Link, Samus, Yoshi, Kirby, Fox, Pikachu, wale wale wa mwanzo wa 1999, na waliobaki wote inambidi awapate mmoja mmoja, kama kete za namua zinavyotoka mkononi mwa mcheza bao na kuingia ubaoni moja baada ya moja. Kauli ya kwamba wote wamo ikatanguliwa, kwa saa kadhaa, na kimya kile cha zamani.

Viwanja vingi vya mchezo wa kwanza vilirudishwa pia mwaka 2018. Kasri la Peach limo, na sasa Peach anaweza kupigana juu yake. Mapaa ya Hyrule yamo, na Zelda yumo. Nchi ya Dream Land imo, na mfalme wake ameshuka kutoka angani. Uwanja wa sayari Zebes haukurudishwa. Ridley alipata nafasi jukwaani baada ya miaka 19, na anga alilokuwa akipita muda wote huo ndilo likaachwa nje.